Nukta Upande wa Ilala

Mimi ni mtu wa shaka na sioni haya kulisema. Muuza maziwa akipita mtaani kwetu, nilichovya kidole kwanza nikaonja, kisha ndipo nikampa bakuli. Mama alizoea kunitania kwamba siku niliyozaliwa nilimkagua mkunga kabla ya kulia. Kwa hiyo nilipowekwa ndani, nikiwa darasa la nane na mtihani unakaribia, nilimtilia shaka kila aliyehusika, nikianza na baba.

Kwetu sisi watu wa Kilwa tuliohamia Kariakoo, msichana akivunja ungo alikaa ndani mpaka apate mume. Barabarani hapiti, sokoni haendi, na shule ndiyo kwaheri. Mama alimwomba baba aniache nifanye mtihani tu, halafu hayo mengine yafuate. Alimwomba kwa maneno, akamwomba kwa wali wa nazi na kwa samaki wa kupaka. Baba alikula vizuri, akanawa, akasema, "Tutaona." Kwa baba neno hilo lilikuwa hapana iliyovaa kanzu. Nilishuku kuna mchumba ameshapatikana na mahari inajadiliwa, ndiyo maana hataki kusikia habari ya shule.

Kaka yangu alikuwa mwalimu, na alipohamishiwa bara aliacha sanduku la bati lenye nguo kuukuu na vitabu viwili vya Kiingereza. Kimoja kilihusu milinganyo: namna ya kuikunja na kuigeuza mpaka kile kisichojulikana kijulikane. Cha pili kilifundisha kwamba mahali popote panaweza kutajwa kwa namba mbili, moja ya mstari uliolala na nyingine ya mstari uliosimama. Kaka alikuwa amenionjesha kurasa za mwanzo jioni za likizo. Sasa nilivifungua mwenyewe, na nakiri havikuwa vyepesi. Hata hivyo, ndani ya chumba kile chenye dirisha dogo, vilikuwa vitu pekee ambavyo sikuvishuku. Kitabu kilisema jambo, nami nikalipima kwa kalamu ya risasi, likawa kweli. Kulikuwa na raha kubwa katika hilo.

Tatizo lilikuwa somo wangu. Somo ni mwanamke anayepewa kazi ya kumfunda mwali mambo ya ndoa na adabu. Wangu alikuwa jirani, mtu wa makamo, mwenye macho yanayopekua hata sufuria iliyofunikwa. Yeye alifundishwa kusoma msahafu lakini hakufundishwa kuandika, kwa kuwa wazee wake waliamini kwamba binti akijua kuandika atawaandikia wanaume. Siku moja alinyanyua godoro langu ili anionyeshe namna ya kutandika, akazikuta karatasi zangu. Akamwita mama.

"Njoo uone mwenyewe. Huyu nani anayetafutwa kila ukurasa?" Alikuwa ameweka kidole juu ya herufi niliyokuwa nikiitafuta katika mlinganyo.

"Hajulikani," nikamjibu. "Ndiyo maana anatafutwa."

"Umesikia? Kakiri mwenyewe."

Mama alicheka. Akamwambia somo kwamba binti yake anamjua, hana mwanamume yeyote, na kwamba hayo ni mahesabu ya shule. Alisema kwa sauti ambayo sijaisahau, sauti ya mtu anayeweka mkono wake motoni kwa ajili yako. Somo alichagua karatasi moja akaikunja ndani ya kanga. Ilikuwa karatasi ya miraba ambayo juu yake nilichora mistari miwili inayokatana, na mstari uliopinda unaoshuka kisha unapanda. Mahali fulani katika kupanda huko nilikuwa nimetia nukta nzito, nikaizungushia duara, kwa kuwa hapo ndipo jibu langu lilipopatikana.

Anayeijua Kariakoo ataelewa kilichotokea. Mitaa yake imepimwa kwa kamba, inakatana wima na mlazo kutoka Mnazi Mmoja hadi Msimbazi, na watu wake huelekezana kwa kuhesabu: toka sokoni, pita mitaa kadhaa, kata kulia, hesabu tena. Somo wangu alizaliwa humo. Alipoiona karatasi ile hakuona hesabu. Aliona mtaa wake.

Jioni ile baba aliporudi kutoka sokoni alikouza samaki, kanzu inanuka papa mkavu, alimkuta somo amekaa ukumbini akimsubiri. Nilisikiliza nyuma ya pazia. Somo alitandaza karatasi juu ya mkeka.

"Baba mwali, mimi sitaki lawama baadaye. Hapa mistari inapokatana ndipo sokoni. Huu uliopinda ndiyo njia ya kushukia bondeni Msimbazi na kurudi, ili watu wasimwone. Sasa hesabu na mimi. Mtaa wa kwanza, wa pili, wa tatu, wa nne, kwa upande wa Ilala. Halafu unapanda miwili. Hapa kwenye duara, kwenye kona, ndipo wanapokutana."

Nilitaka kutoka nimwambie kwamba hata kaskazini haikuwa upande ule aliouweka yeye. Lakini nilichungulia nikamwona baba. Alikuwa hamtazami somo. Alikuwa anatazama duara, na kofia yake ameishika mkononi kama mtu aliyeingia msibani. Nikajua nimekwisha. Niliwaza vitabu vitachomwa, na mimi nitaozwa kwa wa kwanza atakayebisha hodi.

Baba aliikunja karatasi akaitia mfukoni. Akamshukuru somo, akampa kipande cha papa, akamsindikiza hadi mlangoni. Mama alikuwa ameenda kuhani msiba mtaa wa nyuma. Baba akaniita.

"Nani kakwambia?" Sauti yake ilikuwa ndogo.

"Shikamoo baba. Hakuna mtu. Ni kitabu."

"Marahaba. Kitabu kimekwambia pale?"

"Ndiyo, baba. Ukifuata hesabu yake inakupeleka pale pale, hata ukirudia."

Akaipapasa karatasi mfukoni. Aliwahi kuwaona waganga wa vitabu wakipiga ramli kwa miraba na namba wakamtaja mwizi, na bila shaka alinisikia kwa sikio hilo. Mimi nilidhani anapima kama nasema kweli kuhusu mwanamume.

"Mama yako umemwonyesha?"

"Kaona zile nyingine. Hii bado."

"Usimwonyeshe." Akavuta pumzi. "Haya. Unataka nini?"

Nilishuku mtego. Hata hivyo nikaona nikinyamaza nafasi itapita, nikasema nataka kurudi shule nifanye mtihani, na nikifaulu niende bweni. Nilikaza mwili nikisubiri kofi.

"Utaenda," akasema. "Kesho."

Nilimbusu mkono, nikakimbia chumbani kutafuta sare yangu kabla hajabadili nia.

Mama aliporudi alisujudu kwa furaha. Alidhani maombi yake ndiyo yaliyomlainisha baba, na mapishi yake pia. Alilisimulia jambo hilo uani kwa kila mpangaji mpaka somo akaacha kuja. Nilifanya mtihani, nikafaulu, nikaenda shule ya bweni, na vitabu vya kaka vikaenda nami.

Mwaka wa pili bweni niliitwa nyumbani kwa sababu baba alikuwa mgonjwa. Nilimkuta amelala chumbani, tumbo limemvimba, mama anamkanda miguu. Adhuhuri mtu akabisha hodi. Alikuwa mwanamke mdogo kuliko mama, kabeba mtoto mgongoni na mwingine wa kimo cha kuanza shule amemshika mkono. Yule wa kushikwa mkono alikuwa na masikio ya baba, yale makubwa yaliyosimama. Mwanamke alimwamkia mama kwa heshima zote, kisha akasema amekuja kumwona mume wake.

Mama alimpa kiti na maji. Akamwuliza anakaa wapi. Akaelezwa: toka sokoni, mitaa minne upande wa Ilala, panda miwili, nyumba ya kona. Ndipo zile siku ambazo baba alisema jahazi limechelewa na atalala pwani, Feri, kulinda samaki zilipopata maana yake. Nilikuwa nimesimama mlangoni, na mimi nilielewa kabla ya mama.

Mgeni alipoondoka mama aliingia chumbani kwa baba, nami nyuma yake. Hakupiga kelele. Aliuliza tu, "Tangu lini?"

Baba aligeuza uso ukutani. "Mbona hata binti yako alijua? Aliichora mpaka nyumba. Unadhani nilimrudisha shule kwa ajili ya nini? Nilitaka anyamaze."

Mama akanitazama. Nilikwenda mbio nikakitoa kile kitabu katika mzigo niliorudi nao, nikakaa naye sakafuni ukumbini, nikamfungulia ukurasa wenyewe. Nilimwonyesha mlinganyo, nikamwonyesha namba zinavyozaa nukta, nikaichora upya ile njia iliyopinda mbele ya macho yake. Nilimwambia kwamba nukta ile ingeweza kuangukia popote. Ningeweza kuchora nyingine sasa hivi na ingeangukia kwa sonara au msikitini. Nilikuwa nalia. Mama aliniacha nikamaliza yote, bila kunikatiza hata mara moja.

"Nimekuelewa," akasema. "Ni hesabu. Lakini mimi nilimlilia baba yako miezi, na wewe alikukubalia kwa jioni moja. Wewe unayemshuku hata imamu akichelewa. Kwa nini siku ile hukuuliza?"

Akainuka, akaenda jikoni kumkorogea baba uji.