Shemeji waliopotea kwenye mkanda

Juzi nilikuwa kwenye duka la video huku ughaibuni, mtaa wa Mabela, akaingia mama mmoja mwenye asili ya Unguja. Aliuweka mkanda wa harusi ya mwanawe kaunta kama anayerudisha samaki aliyechina, ameshaanza kunuka.

Aliyeuhariri alikuwa mgeni wa mwenye duka, mzee wa Kigiriki aliyemaliza umri wake akikata filamu za sinema kwao. Alijitolea kusaidia, na saa tano za sherehe ya wanaume akazifanya dakika ishirini.

"Shemeji zangu wamekwenda wapi?" mama akauliza. "Wametoka Unguja kwa ndege, nnawatafuta siwaoni."

Mwenye duka akatafsiri. Mgiriki akainua mabega na kujibu.

"Anasema walikuwa wanakula biriani tu. Ameondoa visivyo na maana."

Mama akaurekebisha mtandio wake polepole. "Mwambie hao anaowaita visivyo na maana ndio walionunua mbuzi."

"Nani atakaa atazame saa tano?" mzee akataka kujua.

"Hapana atakayetazama. Kila mtu atajitafuta mwenyewe, akishajiona ataondoka."

Mzee akavua miwani, akaingia chumba cha nyuma kuirudisha biriani yote mkandani. Nadhani nimejua kwa nini kazi ilimnyookea huko kwao: waigizaji aliowakata hawakuja kaunta na mama zao.