Esi Aliyekaguliwa Hungaria

Wakaguzi wa serikali walisafiri mpaka Hungaria kumtazama Esi Bentsiwa kama anasoma vizuri, wakarudi wakasema anasoma vizuri, na kwa sababu hiyo wakamnyima tiketi ya kwenda kusoma. Huo ndio ubaya aliofanyiwa binti wa Efua Nyarkoa, muuza kenkey, madonge ya unga wa mahindi uliochachushwa, wa mji wa Saltpond, na hakuna namna ya kuusimulia ukapendeza.

Esi alikuwa amepata nafasi ya kusomea ufamasia. Serikali ya kule ingelipia chuo, ya kwetu ilipe nauli. Nauli ikachelewa. Wakaguzi hawakuchelewa. Walipokaribia kuondoka, dereva wa ofisi akaja Saltpond kumwambia Nyarkoa atengeneze shito, ile pilipili yetu ya kukaanga, maana wakubwa wanakwenda kuwaona watoto na haipendezi waende mikono mitupu.

"Lakini Esi si huyu hapa?" Nyarkoa akauliza. Esi alikuwa palepale anasaga pilipili, macho yamemwiva.

"Mama, mimi ni dereva. Nimetumwa shito."

Akaikaanga na kamba wakavu mpaka ikawa nyeusi, akaifunga. Mtu anayesubiri tiketi hawezi kuinyima serikali pilipili.

Wakaguzi walipofika bwenini kule wakaita, "Esi yuko wapi?" Msichana mmoja akasimama. Angekosaje kusimama? Kwetu kila msichana aliyezaliwa Jumapili ni Esi. Liite jina hilo sokoni Saltpond uone watakaogeuka. Huyu alikuwa wa Takoradi, baba yake anamlipia mwenyewe. Akapokea shito, akashukuru, akapigwa picha.

Jirani, Araba, ndiye aliyeleta habari, kanga inamvuka kwa kukimbia.

"Nyarkoa! Wakaguzi wamesema redioni Esi wako ananenepa Ulaya!"

"Mwambie mwenyewe, yuko nyuma anafua."

"We Esi! Mbona unanenepea huko na sisi huku tunakuona mbavu?"

Nyarkoa hakucheka. Kesho yake alimshika binti yake mkono wakaenda Accra, kwa Bwana Amissah, mkuu wa wakaguzi.

"Bwana, nimekuletea Esi, umpe tiketi yake. Chuo kinafungua."

Amissah akatazama picha, akamtazama msichana, akarudi kwenye picha.

"Esi yuko Hungaria. Tumemwona kwa macho yetu."

"Sasa huyu ni nani?"

"Mama, mzazi ni wewe. Unaniuliza mimi?"

"Huyo wa kwenye picha simjui! Anakula shito yangu, lakini simjui."

"Mwangalie vizuri. Baridi inabadilisha watu."

Esi akatoa kitambulisho chake. Amissah akakisoma, uso ukamkunjamana.

"Kama ni wewe, binti, basi kosa lako ni kubwa zaidi. Umetoroka chuo. Nani alikuruhusu kurudi?"

"Arudi kutoka wapi?" Nyarkoa akapiga kelele. "Mtoto hata uwanja wa ndege haujui!"

"Punguza sauti, Mama. Aliyekwisha kufika hapewi tiketi ya kwenda. Kwanza arudi, arudi kwa utaratibu, ndipo aombe upya."

"Atarudije kabla hajaenda?"

"Hilo na sisi linatusumbua. Tumeunda kamati."

"Kwa nini msiseme tu kwamba mmekosea?"

Amissah akachungulia mlangoni, kisha akasema kwa upole, kama mtu anayemwonea huruma:

"Tulikwenda watu saba, Mama. Tumekula posho, waziri ametupongeza. Unataka sote saba tuwe hatukuona?"

Chuo kilingoja, kikachoka, kikampa mwingine nafasi. Sasa Esi anakoroga mahindi na mama yake alfajiri, na wateja wanamwita Daktari kwa utani. Yeye huitika, Nyarkoa ndiye asiyevumilia. Mwaka huu wakaguzi wanajiandaa kwenda tena, maana kwa hesabu yao Esi yuko mwaka wa pili.

Serikali bado inadaiwa na Esi Bentsiwa kiti kimoja cha ndege na kiti kimoja cha darasani. Na Amissah na wenzake sita wanadaiwa na Nyarkoa maneno machache tu, wayaseme redioni, kwa sauti ileile waliyotumia siku ile: kwamba hawakumwona.