Boga Mgeni Stesheni ya Kalemie

Mimi kungoja sikujaliwa. Mama yangu alikuwa akisema nilizaliwa kabla mkunga hajanawa mikono. Sasa mtu wa namna hiyo, Mungu akamweka Kalemie miaka ile ya Zaire, mahali ambapo treni ya Lubumbashi ilikuja siku iliyotaka yenyewe.

Nilikuwa nafundisha biolojia kwenye lise, shule ya sekondari ya wasichana, na nilikuwa nimejitungia elimu isiyofundishwa popote: elimu ya mila za mimea. Si dawa, si kilimo. Nilitaka kujua mimea inaishije yenyewe kwa yenyewe, nani anampisha nani, mgeni anapokelewaje. Walimu wenzangu walinicheka mpaka wakachoka. Waliniuliza kama lengalenga, mchicha wetu ule, nayo inatoa mahari.

Nilichokiona ni hiki. Chukua mche mchanga wa boga ndani ya ndoo, uuweke kando ya boga lingine lililokwisha kuzoea mahali. Yule mgeni anasimama. Hatambai, hanyooshi kikono. Anangoja mpaka mwenyeji amfikie na kumgusa, ndipo anaanza kutambaa. Na ni mara moja tu. Wakishajuana, wamejuana, huwezi tena kumwonyesha mtu.

Nikamwandikia profesa mmoja wa Lubumbashi. Akanijibu kwamba yuko karibu kwenda Ulaya, lakini nikimletea mimea hai, akaona kwa macho yake kabla hajaondoka, atanichukua niwe msaidizi wake. Nilitaka kutoka katika ile lise, jamani. Nilitaka mpaka usingizi ukanikimbia.

Basi nikaenda stesheni na valizi na ndoo mbili. Mwenyeji ndoo moja, mgeni ndoo nyingine, valizi nikaisimamisha katikati wasigusane. Treni hakuna. Kesho yake hakuna. Watu walikuwa wamekwisha kutandika mikeka, wanapika ugali wao wa bukari palepale, wanaanika nguo za watoto juu ya reli. Mimi nilikuwa napanda na kushuka, situlii. Nilimsumbua mtu wa gishe ya tiketi mpaka akawa ananiona kwa mbali anafunga dirisha. Kucha zangu zote nilizimaliza kwa meno.

Jirani yangu wa mkeka alikuwa mama mmoja wa Kabalo, anarudi kwake na mifuko ya ndakala, dagaa wakavu wa ziwa letu. Alinipa chakula bila hata kuniuliza jina. Aliuliza tu habari za ndoo, nami nikamweleza yote, mgeni na mwenyeji, kwa majivuno kabisa. Alisikiliza vizuri sana. Laiti angesikiliza vibaya.

Mchana mmoja nilimwachia vitu vyangu nikashuka ziwani kuoga. Niliporudi, valizi ilikuwa pembeni. Ndoo zimekaa bega kwa bega, na kikono cha mwenyeji kimezungushwa kwenye shina la mgeni, kikafungwa kwa uzi wa kitenge. Nikamuuliza mama yule amefanya nini. Sauti yangu ilifika mpaka gishe.

“Mwanangu,” akasema, “mugeni hawezi kusimama mulangoni siku zote. Nimemukaribisha.”

Ningemfanya nini? Hasira ilinipanda mpaka masikio yakawaka, nikalia mbele za watu. Yeye akanipa maji, machozi yanamlengalenga, maskini, hajui amekosa nini. Treni ikaja asubuhi iliyofuata, na yule mgeni alikuwa amekwisha kutambaa hadi ndani ya ndoo ya mwenzake.

Njia nzima niliwaza. Nikikata uzi, nani atajua? Mama alishuka Kabalo, tukaagana vizuri, nami baadaye nikaukata. Lakini kule Lubumbashi, ofisini mwake, profesa aliinama, akavitazama vikono vilivyokwisha kushikana, akauliza nani amewakutanisha. Nikamwambia ukweli, kwa sababu hata uongo unataka subira. Alinisikiliza huku anafunga kalamu yake.

“Situayeni, hiyo si mila ya boga,” akasema, akiniita raia kama ilivyokuwa desturi ya miaka ile. “Hiyo ni mila ya mama wa Kabalo.”

Akarudia makaratasi yake. Nikabaki na ndoo zangu, mikono inauma, ndipo nikatambua kwamba tangu niingie hakuna aliyeniambia niketi. Safari yote ile, na bado nilikuwa nimesimama mlangoni! Nikaziweka ndoo chini, nikavuta kiti, nikaketi.

“Papa profesa,” nikamwambia, “mimi ni mugeni wako. Nimengoja, sasa nimechoka kungoja.”

Akaweka kalamu chini. Kisha akaita chai. Nikaongea mpaka kikombe cha pili, nikamweleza maboga yangu yote tangu la kwanza, na mara mbili tatu akasahau makaratasi yake akauliza swali la maana. Nafasi hakunipa. Alimpa mtu mwingine, akapanda ndege akaenda zake. Lakini chai ile niliinywa yote.