Diwani Aliyelala Mbele ya Tingatinga

Saa kumi na mbili na robo asubuhi, Diwani Stanford Mkwapatira anapanda mlima wa Namilonje kwa viatu vya mpira, na kabla hajafika mbali ameshasimangwa mara mbili.

"Mheshimiwa, leo unalala wapi? Mbona tingatinga halijaja!" anapaza sauti mwanamke anayesugua sufuria nje. Jirani yake anacheka mpaka anashika ukuta.

"Mmeamkaje, akina mama?" anaitikia diwani, anapita. Manyunyu ya Juni yamemlowesha koti. Leo ni siku ya kumi na saba mfululizo anapanda hapa, na ombi lake ni lile lile: hameni kabla mvua za Novemba hazijaanza.

Juu ya nyumba hizi mlima umechanika. Alfajiri moja ya Februari mwaka jana udongo uliporomoka na mawe yake, ukafunika nyumba arobaini na moja na kuua watu ishirini na watatu. Leo, katikati ya mawe yale yale, watu wamejenga tena.

Mkwapatira ana miaka arobaini na tisa. Kabla ya siasa aliuza mitumba sokoni Limbe kwa miaka kumi na minne, na wanaomkumbuka wanasema sauti yake ilifika mpaka stendi. Alipogombea hakuwa na fedha za kampeni. Alikuwa na mdomo.

"Nilikuwa namuuzia mtu shati lenye kiraka, anaondoka anacheka," anasema. "Nikajua nikiweza hilo, kura zitakuja."

Zikaja. Mwaka wa pili wa udiwani wake, halmashauri ikaleta tingatinga kuwaondoa watu wa mlimani. Wataalamu walikuwa wameshaandika kwamba mlima huo hauaminiki, na viwanja vingine vilikuwa vimepimwa Mpembu, kilomita kumi na nane kutoka sokoni. Mkwapatira aliisoma ripoti hiyo. Anakiri mwenyewe bila kubanwa: aliisoma yote, kurasa kumi na moja.

"Kisha nikatoka nje, nikakuta watu mia tatu wananisubiri mimi," anasema. "Wewe ungefanya nini?"

Mimi sijui ningefanya nini. Alichofanya yeye nakijua, maana nilikuwepo na nilipiga picha. Alivua koti, akalala chali mbele ya tingatinga, akasema atakayebomoa aanzie kifuani kwake. Dereva akazima mashine. Watu wakambeba juu juu mpaka sokoni kwa nyimbo. Picha yangu ilitoka ukurasa wa kwanza, na wapo walioibandika ukutani huku juu. Sijivunii picha ile hata kidogo.

Wahenga wanasema mdomo uliponza kichwa. Mdomo wa Mkwapatira uliponza vichwa vya watu wengine.

Mlango anaoutafuta asubuhi hii ni wa Abiti Jafali, bibi wa miaka sabini na mmoja. Binti yake Asiyatu na wajukuu wawili walifukiwa na udongo. Yeye alikuwa hospitalini akimuuguza dada yake. Alirudi, akajenga palepale. Wakazi wote wa huku juu wanamtazama yeye: akihama watahama, akikaa watakaa.

"Umekuja tena, mwanangu," anasema, anatutandikia mkeka. "Hivi kwako hakuna kazi?"

"Kazi ndiyo hii, bibi."

"Aa, kazi yako wewe ni kulala barabarani."

Diwani anainama. Bibi anammiminia togwa, maana mgeni ni mgeni hata akiwa amekuudhi.

"Bibi, Mpembu siku hizi kuna bomba la maji. Shule nayo..."

"Si wewe uliyetuambia Mpembu ni porini? Si wewe uliyesema hapa ni kwetu, anayetaka kututoa atuue kwanza? Walipanda watu na karatasi zao, wakatuambia mlima utaanguka. Sikuwaamini. Nilikuamini wewe. Leo nikuamini kwa lipi?"

Hapa kwetu maiti haitolewi nyumbani kabla mtu hajasimama kueleza ilivyokuwa: marehemu alianza kuumwa lini, alipelekwa wapi, nani alikuwa naye mwisho. Waombolezaji hawaondoki na maswali. Na diwani, msiba wowote wa kata yake, hupewa zamu ya kusema. Mkwapatira anakadiria amesimama kwenye misiba mia mbili tangu achaguliwe.

Siku ya mazishi ya wale ishirini na watatu, kwenye uwanja wa shule, zamu yake ilipofika alisema mvua imewaua, ni mapenzi ya Mungu. Akaketi. Abiti Jafali alikuwa mstari wa mbele.

"Nilimtazama nikasema moyoni, huyu mtoto anajua na anatuficha," bibi anasimulia, na diwani ameketi pale pale anasikia. "Mwanangu nimemzika kwa uongo. Amelala vibaya kule alikolala. Na mimi nikihama namwacha na uongo huo huo."

Sadaka ya kuwaombea wale ishirini na watatu ilikuwa ifanyike Februari mwaka huu, ikaahirishwa kwa sababu hapakuwa na mahindi wala mchele. Sasa mavuno yameingia, na itakuwa Jumapili hii. Bibi ametoa sharti moja.

"Asimame mbele za watu aseme Asiyatu wangu alikufaje. Akisema, Jumatatu nafungua mabati yangu kwa mkono wangu. Asiposema, aniache nife na nyumba yangu, asipande tena kwangu."

Uchaguzi ni Septemba. Katibu wa chama wa kata, Bwana Chikopa, nilimkuta sokoni akila mihogo, na alipolisikia jambo hili nusura apaliwe.

"Ana wazimu? Sadaka watu wanasoma dua, wanakula wali, wanarudi makwao! Nani kamwambia ni mahali pa kuungama? Akifungua mdomo, yule mpinzani wetu ataimba maneno hayo mpaka siku ya kura."

Kwa upande wa kura, Chikopa hajakosea. Mkwapatira mwenyewe anajua. Posho ya udiwani inamtosha unga na karo ya watoto wawili, basi. Akikosa kiti atarudi kwenye mitumba, na mgongo wake, anasema, haubebi tena robota.

"Lakini kiti kinaisha Septemba," anasema tukiteremka. "Mvua inaanza Novemba. Nikishinda kwa kunyamaza, Novemba nitakuwa diwani wa nani huku juu?"

Namuuliza Jumapili atasema nini hasa. Anasimama, anatazama pande zote mbili.

"Nitasema hivi. Asiyatu hakufa kwa sababu mlima ulimvizia. Tuliambiwa. Walikuja kumtoa, na mimi nili..."

Mwanamke mwenye beseni la viazi kichwani anatokea nyuma yetu. "Baba yetu! Simba wetu! Septemba hatuna mwingine!"

Papo hapo diwani anainua mkono kwa ishara ya chama, anacheka, anauliza watoto hawajambo, anauliza viazi bei gani, anataniana naye mpaka mwanamke anapotelea kwenye kona. Anaponigeukia, kicheko bado kipo usoni, na naona anakionea aibu.

"Umeona?" anasema. "Kinatoka chenyewe."

Tunateremka mpaka barabarani. Hapo ananishika mkono, na hauachii.

"Uje Jumapili, ukae mbele ambapo nitakuona. Ukinisikia nataja mvua, andika kwamba diwani amewadanganya wafiwa mara ya pili. Andika na jina langu kamili."