Ngoto ya Nyumba ya Bati

Kibwana bin Maneno alikuwa seremala, na alikuwa na maringo. Watu wa Morogoro walimvumilia kwa sababu kazi yake ilionekana kwa macho. Wadachi walipofikisha reli mjini kutoka Dar es Salaam, kazi zilimwagika, naye akateremka kutoka milima ya Kinole na sanduku la randa na misumeno, pamoja na mkewe Shamsia na binti yao Pili. Akajenga nyumba ya miti na udongo karibu na njia ya stesheni, akaikandika, akaipaka chokaa, akaiezeka kwa nyasi. Hapo angeweza kutulia. Hakutulia.

Mwaka uliofuata jirani mmoja alikaanga samaki penye upepo, na moto ukala mapaa yote ya upande ule wa njia. Kuta za Kibwana zilisalimika. Akasimama katikati ya majivu, watu wakimpa pole, akaapa kwamba hatalala tena chini ya nyasi. Ataezeka bati. Kwa mtu mwenye maringo, kuapa mbele ya watu ni jambo la hatari kuliko moto wenyewe, maana sasa kila aliyepita alimuuliza bati zimefika wapi.

Bati zilikuwepo, zikishushwa na gari moshi kila wiki. Lakini bati, mbao na misumari vyote pamoja vilitaka rupia mia, na fundi aliyepata rupia kumi na tano kwa mwezi wakati ule alikuwa mtu wa kusalimiwa kwa heshima. Basi Kibwana akavaa kanzu safi, akaenda kwa Yunusi bin Salehe.

Yunusi alikuwa mfanyabiashara aliyetoka pwani zamani, mtu mzima, mpole, mwenye sauti ya chini. Nasema mapema, ili tusije tukamtafuta shetani mahali asipokuwepo: hakuwa mwizi. Alimkaribisha Kibwana barazani, akamwagizia kahawa, akamsikiliza mpaka mwisho.

"Fundi, pesa ninayo," alisema. "Ila mimi siwezi kukukopesha mia unirudishie mia na thelathini. Hiyo ni riba, na riba ni moto wa kesho. Tufanye bei ya khiyari, kama wanavyofanya watu wa pwani."

"Ndiyo nini hiyo, Bwana Yunusi?"

"Unaniuzia nyumba kwa mia. Bati unaezeka, na unaendelea kukaa humo humo na watoto wako. Kila mwezi unanipa rupia tatu, kodi. Siku utakayoniletea mia yangu, khiyari ni yako, nyumba inarudi kwako. Mimi sitakataa wala sitaongeza."

Yote yalisemwa hivyo hivyo, mchana kweupe, mbele ya mwalimu wa msikitini na mashahidi wawili. Mwalimu akamwambia Kibwana atamke, naye akatamka kwa kinywa chake: "Nimeuza." Yunusi akasema, "Nimenunua." Wakasoma fatiha, wakanywa kahawa nyingine.

Sasa sikiliza kilichokuwa kichwani mwa Kibwana. Kule Kinole alikozaliwa, mahali hapauzwi. Ardhi ni ya ukoo. Unaweza kuilima, kuiazima, kuigombania mpaka mkatoana damu, lakini kuiuza hakuna anayejua inafanywaje. Kwake yeye, kusema "nimeuza nyumba" ilikuwa kama kusema nimemuuza mjomba wangu: maneno ya kumridhisha mwalimu, kuikwepa ile riba, basi. Alichosikia kwa masikio yote mawili ni rupia tatu kila mwezi. Tatu kwa mwezi, thelathini na sita kwa mwaka, mpaka Ramadhani ya tatu mia imekwisha na ushei. Alirudi nyumbani akipiga mluzi.

Bati zikapanda. Mvua ya kwanza ilipozipiga, Pili alicheka mpaka akakaa chini, na Kibwana akatoka nje makusudi, akasimama mlangoni ili watu waliokuwa wakikimbia mvua wamwone amesimama pakavu. Alikuwa na furaha ya kweli siku ile. Tusimnyang'anye hiyo.

Shamsia ndiye aliyeanza kuguna. Ukoo wake ulikuwa na mashamba makubwa Kinole, na tangu utoto alikuwa ameona wageni wakija kila baada ya mavuno na kikapu cha mahindi na kuku, wanakaa chini, wanakiweka mbele ya kaka zake. Hiyo inaitwa ngoto. Haipunguzi kitu wala hainunui kitu. Anayeileta anasema tu kwamba anajua shamba analolima si lake. Babu anaweza kuileta, na mjukuu akaileta, na hata upana wa jembe usiwe wao.

"Baba Pili," alimwambia mumewe jioni moja, "hizo tatu unazompelekea Bwana Yunusi, mbona mimi naziona kama ngoto?"

"Ngoto ni ya mahindi. Hii ni rupia."

"Nakuuliza, zinapunguza?"

"Mama Pili, mambo ya mjini hayalinganishwi na vikapu vya kwenu. Kwani mtu anaweza kupokea pesa ya mwenzake kila mwezi isipunguze kitu? Hata mbwa ukimlisha anakujua."

Akacheka. Shamsia akamwambia aende basi akaulize, na swali lenyewe lilikuwa la hatua chache, barazani kwa Yunusi, penye kahawa ya bure. Kibwana hakwenda. Mtu mwenye maringo hapendi kuuliza jambo ambalo ameshalipigia mluzi.

Ramadhani ya tatu ikaisha. Siku ya Idi Kibwana alichinja mbuzi. Shamsia alipika pilau la sufuria mbili, jirani wakajaa uani, na mgeni wa heshima akawa Bwana Yunusi, aliyekuja na kofia mpya na halua ya watoto. Walikula mpaka wakalegeza mishipi. Kisha Kibwana akasimama, mikono ingali na mafuta, akasema anamshukuru Mungu na anamshukuru Bwana Yunusi, maana leo amekwisha kumlipa, nyumba imerudi, na kilichozidi kidogo juu ya mia asimrudishie, ni zawadi.

Yunusi aliweka kikombe chini.

"Umenilipa nini, ndugu yangu?"

"Mia yako."

"Lini?"

"Miaka yote hii! Kila mwezi! Sijakosa hata mmoja!"

"Hujakosa, kweli, na Mungu akubariki. Lakini ile ni kodi, fundi. Ni kodi ya kukaa. Mia bado ni mia." Akatazama huku na huku, akaona nyuso zote zimemgeukia, na yeye mwenyewe akaona haya. "Kama ingekuwa inapunguza, nami nikabaki na cha juu, si ndiyo ingekuwa riba? Mwalimu huyu hapa. Mashahidi hawa hapa. Nilikwambia."

Mwalimu akainamisha kichwa, akakubali kwamba ndivyo ilivyosemwa. Hakuna aliyemtetea Kibwana, kwa kuwa hakuna uongo uliosemwa. Watu wakaanza kukumbuka watoto wao na mbuzi wao, wakaaga mmoja mmoja. Kibwana alibaki amesimama. Lile neno "nimeuza" alilolitamka kwa mzaha lilikuwa limelala ndani ya nyumba yake miaka mitatu, na sasa ndiyo kwanza lilimwamkia. Aliona aibu kali, aibu ya kutaka kuingia chini ya mkeka, na ndani ya aibu ile akaapa tena, safari hii kimoyomoyo: ataipata mia, hata kama itamtoa roho.

Kuanzia hapo maisha ya Kibwana yakawa na kazi moja. Kila mwezi zilitoka zile tatu, na juu ya zile tatu alitaka kuweka kibuyuni akiba ya mia nzima. Na nyumba ilikuwa na mdomo. Upepo ulipong'oa bati mbili, alimwendea Yunusi, naye Yunusi akasema kwa upole kwamba anayekaa ndiye anayetengeneza, ndiyo desturi. Kodi ya serikali ya nyumba nayo alilipa Kibwana, kwa kuwa ndiye aliyekutwa mlangoni. Kila alipofikisha rupia ishirini kibuyuni, kitu fulani kilikuja kikala kumi na tano.

Ndipo akaja mtu wa Kilosa kumposa Pili. Mtu mwenyewe alikuwa na wake wawili na jino moja la mbele. Pili hakumtaka, na alisema. Mahari ilikuwa rupia arobaini.

"Arobaini, mama Pili. Karibu nusu."

"Mtoto anasema hamtaki."

"Atamzoea. Akiwa na watoto atakuja kulala hapa, kwenye nyumba ya baba yake, na atanishukuru."

Kwa Waluguru, watu wa Kinole, mtoto ni wa ukoo wa mama, na mjomba ana fungu lake na sauti yake. Kaka yake Shamsia aliteremka kutoka Kinole kuulizia, akakuta mahari imeshaingia kibuyuni yote na Pili ameshapakiwa gari moshi. Hakupiga kelele. Alikataa hata maji ya kunywa, akageuza safari siku ile ile. Shamsia alimtazama kaka yake mpaka alipopotea njiani, na toka siku hiyo alizungumza na mumewe mambo ya chumvi na kuni tu.

Bado mia haikutimia. Kibwana akasikia kwamba Wadachi wanachimba ulanga kule milimani, yale mawe yanayong'aa na kubanduka matabaka kama kitunguu, na wanalipa vizuri kwa anayeweza kuweka nguzo za mbao mashimoni. Alikuwa ametoka milimani akiwa fundi. Akarudi milimani akiwa mchimbaji. Alikaa huko msimu mzima, akilala kwenye kibanda cha nyasi, ndiyo, nyasi, ili ailipie nyumba ya bati ambayo hakulala ndani yake. Mwisho wa mvua za masika udongo uliteremka, na nguzo aliyokuwa akiikaza ikamwangukia mkononi. Walimteremsha kwa machela. Vidole vitatu vya mkono wa kulia havikukunja tena.

Miezi ya kuuguza mkono ule ilikula kibuyu chote. Ilikula mahari ya Pili, ikala ulanga, ikala mbuzi waliobaki. Zile tatu hazikuuliza kama mtu ni mgonjwa. Kibwana alipokosa mwezi mmoja, Yunusi alisamehe. Alipokosa wa pili, alisubiri. Wa tatu alikuja mwenyewe, akampa pole, akaketi, akasema kuna karani wa reli anayetaka nyumba na yuko tayari kulipa rupia saba. Hataki kumfukuza ndugu yake, alisema. Kuna kile chumba cha uani. Kibwana akae humo kwa rupia moja tu, na khiyari yake ipo pale pale, siku yoyote atakayoleta mia.

Yunusi alipoondoka Shamsia alianza kufunga vyombo.

"Twende Kinole," alisema. "Nitampigia kaka yangu magoti. Atatupa mahali pa kulima, na hakuna wa kututoa."

"Nikakae kwa ukoo wako, nile kwa kuulizwa?"

"Na hapa unakaa kwa nani?"

Kibwana aliutazama mkono wake uliofungwa kitambaa. "Nimelipa sana, mama Pili. Huoni? Mtu aliyelipa kiasi hiki hawezi kuondoka. Nikiondoka, vyote vile vitakuwa vya bure."

"Vimeshakuwa vya bure," Shamsia alisema, na sasa alikuwa analia. "Tumemjengea Yunusi nyumba, tukamlipa na kodi juu yake, na sisi tumebaki na chumba. Tumempa Pili. Sasa unataka kumpa nini tena?"

Asubuhi Shamsia alijitwika mzigo wake, akashika njia ya milimani peke yake. Kibwana alimsindikiza mpaka mtoni, akasimama pale mpaka mkewe alipoanza kupanda, kisha akarudi kuhamisha kitanda uani.

Karani wa reli aliingia nyumba kubwa na mkewe, Cecilia, msichana wa misheni, mchangamfu, ambaye hakumjua mtu mjini. Mwanzo wa mvua dirisha la chumbani kwao lilivimba likagoma kufunga. Cecilia akasikia kwamba yule mzee wa chumba cha uani zamani alikuwa fundi, akamwita. Kibwana akaja na randa. Alifanya kazi polepole kwa mkono wa kushoto, akishikilia ubao kwa kiganja cha ule mbovu. Cecilia alikaa kwenye kiti, akimtazama, akipitisha macho ukutani na darini.

"Nyumba imara hii, babu," alisema. "Mbao zimekaa sawa kila mahali. Wewe ni mtu wa siku nyingi hapa. Ni ya nani hasa?"

Kibwana alipuliza vumbi la randa, akafunga dirisha, akalifungua, akalifunga tena.

"Ya Bwana Yunusi, mama," alisema. "Mimi mpangaji tu."

Cecilia akampa nusu rupia, akamshukuru. Kibwana akaipeleka moja kwa moja barazani kwa Yunusi, kwa kuwa mwezi ulikuwa umeandama na alikuwa anadaiwa chumba.