Bata Mzinga Juu ya Mkate

Mlo huu niliujulia katika nyumba ya meneja wa shamba la mkonge, nje kidogo ya Korogwe, nilikokuwa mpishi kabla sijaolewa. Wakija wageni, anaokwa bata mzinga, na nyama ikibaki haitupwi. Kesho yake inachambuliwa, inapangwa juu ya slesi moja ya mkate, bila slesi ya pili ya kuifunika, kisha inamwagiwa mchuzi mzito wa moto mpaka mkate unalowa na kulegea. Meneja na watu wake walikuwa wanakula kimya, kwa kisu na uma. Mimi na mpishi mwenzangu tulichungulia kutoka jikoni tukicheka. "Chakula cha vibogoyo hiki," alisema, nami nikaafiki. Kwa akili yangu ya wakati ule, mkate ulikuwa wa kunywea chai, basi.

Sikuupika tena kwa miaka mingi. Niliolewa, tukajenga Kilole, nikapika vinavyopikwa na watu wote.

Mama alipofariki, baba alibaki peke yake Handeni, na shamba la mahindi ambalo hakuweza tena kulilima. Mimi ndiye mtoto wake pekee aliye hai. Mume wangu ndiye aliyesema tumlete kwetu, na kwa hilo namsifu, ingawa si kawaida yangu kumsifu. Baba alikuja shingo upande. Mzee wa Kizigua wa umri wake anaweza kukaa kwa mtoto wa kiume na asiulizwe na mtu. Akikaa kwa mume wa binti yake, watu watasema naye kaolewa.

Mume wangu alilijua hilo, kwa hiyo alijitahidi kupita kiasi. Kwetu firigisi ya kuku ni ya baba mwenye nyumba. Halijadiliwi hilo. Tangu niolewe nilikuwa naiweka kwenye bakuli la mume wangu, naye anaitafuna mwisho, taratibu, akiwa ameegemea ukuta. Siku ya kwanza baba alipokula kwetu, mume wangu aliichukua ile firigisi akaihamishia kwenye sahani ya mkwewe, kwa mikono miwili. "Mzee akiwemo ndani, hii si yangu tena," alisema. Baba aliinamisha kichwa kushukuru. Nilidhani amefurahi.

Kisha hakula. Alimega ugali kidogo, akachovya, akasema ameshiba. Ikawa hivyo kila siku. Makande, ambayo mume wangu kama Mshambaa yeyote anayaona ni chakula cha peponi, baba aliyagusa tu na kijiko akayaacha. Koti lake likaanza kumning'inia mabegani. Nilimpeleka hospitali, wakasema ni uzee na majonzi ya kufiwa, nami nikakubali kwa sababu ndilo jibu lililokuwepo.

"Baba yako anasusa chakula changu," mume wangu aliniambia siku moja.

"Si chakula chako. Nimepika mimi."

"Nimenunua mimi."

Hatukugombana zaidi ya hapo, lakini nilimwona ameumia. Alikuwa ameamini kwamba mkwewe anamwona si mtu wa kutosha kumlisha.

Ijumaa moja, baada ya kutoka msikitini, baba alitangaza. "Nimekaa vya kutosha, wanangu. Jumapili narudi kwangu." Alivyolitamka hilo neno "kwangu", ungedhani kuna mtu anamsubiri. Kulikuwa na nyumba inayovuja na jiko lisilo na wa kuliwasha. Alikuwa hawezi hata kunyanyua ndoo ya maji iliyojaa. Akirudi kule peke yake atakufa. Sikuwa na haja ya kuambiwa na mtu.

Jioni ileile nilichukua koti lake nilifue, ili asirudi Handeni mchafu watu wakanisema. Mfukoni nikakuta leso imekunjwa, na ndani ya leso firigisi mbili. Moja ilikuwa bado na unyevu, nyingine imekauka kama kokwa. Zote mbili zilikuwa na alama ya kujaribiwa tu.

Nilisimama pale na beseni langu. Mzee alikuwa hana meno. Yale machache ninayoyakumbuka yalikuwa yamekwisha, wala hakumwambia mtu. Alikuwa anapokea firigisi kwa heshima, anaitia mdomoni, anaizungusha, kisha anaitema kwenye leso mume wangu akigeuka. Na siyo firigisi tu: kuku wa kienyeji, mahindi ya makande, kila tulichompa kwa kumheshimu kilikuwa kigumu. Mficha maradhi, wanasema, kifo humuumbua.

Nililia kidogo, kisha nikakasirika, na mimi nikikasirika ndipo akili inapofanya kazi. Ningeweza kumpikia uji. Lakini uji kwa mwanamume mzima, mbele ya mkwe wake, ni kumtangaza kuwa mgonjwa au mtoto mchanga. Ningeweza kumwambia mume wangu. Yeye angeenda moja kwa moja kumpa pole, na baba angeondoka usiku uleule kwa miguu.

Jumamosi asubuhi mume wangu akarudi kutoka Masuguru na bata mzinga kwapani, dume, limenuna kuliko mimi. "Hataondoka watu wakisema alilala njaa kwangu," alisema. Alitaka pilau, na paja zima liwekwe mbele ya baba. Paja la bata mzinga linamshinda hata mwenye meno kamili. Nikamwangalia yule ndege, nikamwangalia mume wangu, na ndipo nikakumbuka chakula nilichokicheka kule kwenye mkonge.

"Wewe chinja," nilimwambia. "Jikoni niachie."

Nilimchemsha na tangawizi na kitunguu saumu tangu adhuhuri, moto wa kiasi, mpaka nyama ikawa inaachia mfupa yenyewe. Nikaichambua kwa vidole, nikatoa kila mshipa na kila kipande cha ngozi. Mafuta niliyaengua juu ya supu nikayatia kwenye kikaango na unga wa ngano, nikawa nakoroga mpaka unga ukapata rangi ya karanga zilizokaangwa. Supu inaingia kidogo kidogo, mkono hausimami. Ukiharakisha unapata mabonge, na siku ile sikutaka hata bonge moja. Chumvi, pilipili manga, ndimu kidogo, ambayo kwa meneja hawakutia, lakini kwa meneja hawakujua mengi.

Ikabaki firigisi. Ilikuwa kubwa, inajaza kiganja. Nikijua kabisa ni ya nani na mume wangu ataitafuta, niliikata nyembamba, kisha nikaikatakata tena mpaka isionekane, nikaimwaga yote kwenye mchuzi.

Mkate niliukata mnene kwa kisu na kuupitisha juu ya mkaa, upande mmoja tu, usije ukayeyuka. Slesi kwenye sahani, nyama juu, mchuzi ukafunika vyote. Nikawapelekea barazani, tukakaa watatu.

Mume wangu alitazama sahani. "Hii ni chai au chakula cha usiku?"

"Kula kwanza. Ulimi wako utakujibu."

Baba hakuuliza kitu. Alichukua kijiko, akakikandamiza, na mkate ukakatika pamoja na nyama bila ubishi. Akatia mdomoni. Akameza. Nilijifanya naondoa nzi ambaye hakuwepo. Alichota tena, na tena, akaendelea mpaka sahani ikawa nyeupe, wala hakusema ameshiba.

Ingetosha kuishia hapo. Lakini mume wangu akili yake ilikuwa bado kwenye heshima. "Firigisi ya baba iko wapi?"

"Nimeikatakata kwenye mchuzi. Tumeila wote."

Aliweka kijiko chini. "Umeikata firigisi ya mzee? Kesho anaondoka, halafu wewe unamfanyia hivyo, nyumbani kwangu?"

Jibu nilikuwa nalo. Lilikuwa limenijaa mdomoni tangu nilipofua lile koti, na nililimeza, na likaniuma kulimeza kwa sababu sijazoea.

"Mwache," baba alisema. Alikuwa anamtazama mume wangu, si mimi. "Ameikata kwa sababu sina meno. Yameisha yote. Nadhani ameshajua."

Uso wa mume wangu ulibadilika polepole, kama mtu anayepiga hesabu za siku zote zilizopita. "Baba," alisema, "mimi nilidhani unanidharau."

"Nikudharau wewe? Nilikuwa naona haya. Mtu anakupa firigisi kwa mikono miwili, utamwambiaje huiwezi?" Baba alijifuta mdomo. "Nikaona bora nikafe na njaa Handeni kuliko mkwe wangu aje ajue."

Alisema kwa sauti ya kawaida, kama anayetaja bei ya mahindi. Mume wangu aliinamisha kichwa. Mimi damu ilinichemka.

"Baba," nilimwambia, "mama nimemzika juzi tu. Wewe sikuziki kwa ajili ya meno. Lete sahani."

Alinipa sahani, na kesho yake hakwenda stendi.