Jiwe Lililosahau Majani

Mwanangu, ipo siku moja ambayo kila nikiikumbuka viganja vyangu hutoka jasho, na leo naikumbuka kwa ajili yako. Usicheke nikikuita mwanangu. Nimekuzidi miaka kumi na mitatu tu, lakini mimi ni abti yako, ndugu wa mama yako, na yeye ameniambia kwamba unaandika hadithi kisha unachana kurasa kabla mtu hajaziona. Ugonjwa huo naujua. Hata sentensi hii nimeifuta mara nne.

Nilipokuwa na miaka ishirini na moja nilikuwa naandika kuhusu nchi ambayo haipo. Hakuna aliyenifundisha. Nilijifunza kwa vitabu vya kuazima na simu yenye kioo kilichopasuka. Katika nchi hiyo kulikuwa na jiwe nililoliita hilami, la kijivu, jepesi kama mkaa. Ukilizika kwenye mchanga wa mto uliokauka, kufikia adhuhuri shimo linajaa maji, na maji hayo hayakauki tena. Ukilitia kwenye kibuyu cha maziwa, maziwa hayachachi mwezi mzima. Unga wake ukipakwa kwenye kwato, ng'ombe hachoki njiani. Niliorodhesha matumizi thelathini na moja, nikachora ramani ya mahali linapochimbwa, nikapanga nani ana haki ya kuligusa. Madaftari matatu yalijaa. Lakini hadithi yenyewe, ya kijana aliyeokoa ukoo wake kwa hilami, ilikuwa na kurasa kumi na moja tu. Kila nikiandika ukurasa, niliona jiwe halijakamilika, nikarudi kwenye orodha. Miaka miwili ikaenda hivyo.

Mwaka huo Ayeyo, bibi yetu, alikuja kutoka kijijini Kotile kutibiwa macho, akakaa nasi mjini, mtaa wa Waberi. Siku moja kabla ya kurudi kwake, baada ya swala ya alasiri, aliniita. Alisema Kisomali, nakuandikia kwa Kiswahili.

"Kaa hapa. Nisomee hayo unayoyaficha."

"Ayeyo, haijaisha."

"Mimi naondoka kesho. Au utakuja kunisomea kaburini?"

Mama yako alikuwa anamimina chai. "Usimharakishe huyo," akasema. "Anangoja malaika wamsahihishie."

Nikasoma, sauti ikitetemeka, hadi pale kijana anapozika jiwe na maji yanatoka. Ayeyo akainua mkono.

"Maji hayo hayakauki?"

"Hayakauki."

"Na ng'ombe watakaa hapo?"

"Watakaa, Ayeyo. Ndivyo walivyookoka."

"Watakula nini? Mchanga?"

Nikapekua kurasa zangu kutafuta majani.

"Mtoto wa mjini wewe. Kisima kikikauka tunahama, na majani yanapumzika. Maji yako yataita ng'ombe wa kila mtu, na hakuna atakayeondoka. Baada ya mwezi mmoja hakuna jani. Huyo kijana wako amewaua wote."

Matumizi thelathini na moja, na mimi mjukuu wa wafugaji sikuwa nimefikiria majani. Niliinuka, nikaenda uani, nikaliweka daftari la hadithi juu ya jiko la mkaa. Ukingo wake ukaanza kuwa mweusi. Ayeyo, jicho moja likiwa bado na bandeji, alinifuata akipapasa ukuta kwa kufuata harufu ya moshi. Akalinyakua daftari na kulipigapiga kwa mtandio wake.

"Nimekwambia uchome? Mimi nimekuuliza watakula nini."

"Sijui, Ayeyo."

"Basi keti uwaze. Umetafuta kosa miaka miwili peke yako, hukuliona. Mimi nimeliona kabla chai haijapoa. Ungenisomea mapema tungekuwa mbali."

Tuliketi. Kufikia magharibi tulikuwa tumekubaliana kwamba kijana lazima alichimbue jiwe kwa mkono wake mwenyewe, mbele ya watu wenye kiu, ili ng'ombe wahame, hata kama watu watamchukia. Yaliyofuata hatukuyajua. Kesho yake Ayeyo akaondoka na hadithi isiyo na mwisho kichwani.

Baada ya wiki mbili alipiga simu. "Nimewasimulia hadithi yako, sasa wananisumbua huku. Wazee wawili hawasalimiani tena. Mmoja anasema kijana alifanya vyema, mwenzake anasema alaaniwe. Wote wanauliza, majani yalirudi?"

"Bado naitengeneza, Ayeyo."

"Ilete ilivyo. Watu huku wako kisimani wanangoja."

Niliimaliza kwa siku nne, na majani yalirudi. Ilikuwa na makosa saba niliyoyajua. Nilipomsomea, Ayeyo akaniongezea manane, na wale wazee wakasalimiana.

Kwa hiyo, mwanangu, nakuomba hivi. Soma kazi yako ikiwa bado mbichi, na umsomee mtu anayeyajua majani kuliko wewe. Akikuonyesha kosa, keti naye pale pale, usikimbilie jikoni. Siwezi kukuahidi kwamba woga utakwisha, maana wangu haujaisha. Soma tu huku unatetemeka.

Ijumaa baada ya swala nakuja kwenu, mtaa wa Iftin. Niwekee kurasa zote, hata zile ulizochana, nitakuja na gundi. Mwenyezi Mungu akupe msikilizaji anayeuliza maswali magumu, akujalie moyo wa kumjibu, na majani yarudi popote utakapopita.